MAADA, KITU NA CHUMA: Asili ya Maada katika Lugha, Falsafa na Fizikia, kwa Mifano kutoka Buhaya



1.0 Utangulizi

Mtoto anayesoma shule ya msingi katika kata ya Kitendaguro, pembezoni mwa mji wa Bukoba, hufundishwa mapema kwamba maada ni kitu chochote chenye uzito na kinachochukua nafasi. Huikariri fasili hiyo kwa Kiswahili. Akirudi nyumbani, bibi yake humtuma kuleta kitu fulani kutoka jikoni, naye humtuma kwa Kihaya, akikiita kitu hicho *ekintu*. Akifaulu kwenda sekondari, fasili ileile humjia kwa mara ya pili, safari hii kwa Kiingereza, kana kwamba ni jambo jipya ambalo hajapata kulisikia. Hivyo mtoto huyo huwa na lugha tatu za kuzungumzia ulimwengu ulio mbele yake. Aghalabu hakuna mwalimu anayemwonyesha zinapokutana.

Suala la asili ya maada ni la wanafizikia na wanafalsafa. Hata hivyo, ni la wanaisimu pia, kwa sababu kabla maada haijapimwa, hutajwa. Na namna inavyotajwa huamua ni maswali gani yatakayoonekana kuwa ya kawaida na ni yapi yatakayoonekana kuwa ya ajabu. Wako wanaoshikilia kwamba lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo, hazikuumbwa kwa ajili ya mawazo ya namna hii. Mhadhara huu unalijibu dai hilo kwa njia tatu: kwa kuchunguza maneno yenyewe, kwa kupima falsafa iliyojengwa juu ya maneno hayo, na kwa kuangalia kazi ya chuma iliyofanywa na wazee wa Buhaya, ambao waliibadili maada kwa mikono yao karne nyingi kabla ya shule ya kwanza kufunguliwa kando ya Ziwa Viktoria.

2.0 Maneno na Asili Zake

Inafaa kuanza na neno lenyewe. *Maada* limetoka katika Kiarabu, katika mzizi wenye maana ya kunyoosha, kurefusha au kutandaza. Mzizi huohuo umezaa maneno mengine mawili ambayo msemaji wa Kiswahili huyatumia kila siku pasipo kuyahusisha: *mada*, yaani jambo linalozungumzwa, na *muda*, yaani wakati ulionyooshwa kutoka mwanzo hadi mwisho. Kwa hiyo, ndani ya neno maada mna wazo kwamba kitu cha kimaumbile ni kile kinachotanda, kinachoenea mahali. Mwanafalsafa Mfaransa René Descartes, katika kitabu chake kilichotoka mwaka 1644, alishikilia karibu wazo hilohilo: kwamba kiini cha maada ni kuenea katika urefu, upana na kina.

Wagiriki walikwenda njia nyingine. Neno ambalo Aristotle alilitumia kwa maada, *hyle*, lilikuwa neno la kawaida lenye maana ya msitu, kuni na mbao. Kilatini nacho kilitumia *materia*, ambalo ni mbao za kujengea, na kutokana nalo lugha nyingi za Ulaya zimepata neno lao la kisayansi. Hili ni jambo la kuzingatiwa sana. Istilahi inayoonekana leo kuwa ya kidhahania kabisa ilianzia karakana ya seremala. Aristotle hakusubiri neno tukufu lishuke. Alichukua neno la kuni akalitwisha mzigo wa falsafa. Aliona kwamba mbao huweza kuwa kiti au mlango, na akauliza ni nini kinachobaki wakati umbo linapobadilika. Neno lilikua kwa sababu swali lilikuwapo.

Kiswahili nacho kina hazina yake ya asili, na sehemu kubwa ya hazina hiyo imo katika ngeli za nomino. Tazama *maji*, *maziwa*, *mafuta*, *mate* na *majivu*. Kwa kawaida maneno haya hayatumiki katika umoja. Hakuna anayesema jivu moja akikusudia sehemu ndogo kabisa ya majivu. Lugha huvichukulia vitu hivyo kuwa ni mfululizo usio na viungo. Tazama sasa *kuni*, *nyasi* na *nywele*. Hapa lugha huanza na lundo, kisha humwezesha msemaji kuchomoa kimoja kutoka katika lundo hilo kwa kiambishi: *ukuni*, *unyasi*, *unywele*. Na kwa mchanga, ambao haukubali kuchomolewa kwa kiambishi, msemaji huongeza neno zima: *chembe ya mchanga*.

Ni dhahiri kwamba sarufi hii inagusa swali kongwe la falsafa ya maumbile: je, maada ni mfululizo unaoweza kugawanywa bila kikomo, kama maji yanavyoonekana, au ni mkusanyiko wa vipande visivyogawanyika, kama lundo la kuni? Demokrito wa Ugiriki alijibu kwamba ni vipande, akaviita visivyokatika. Humo ndimo lilimotoka neno *atomi*. Aristotle alimpinga. Wanatheolojia wa Kiislamu wa karne za kati walilijadili suala hilo kwa Kiarabu, wakizungumzia sehemu isiyogawanyika, ambayo waliiita *jauhar*. Neno hilo lilifika pwani ya Afrika Mashariki na kuwa *johari*, lakini Kiswahili kilichukua maana ya kito na kuiacha ile ya kifalsafa.

Ikumbukwe, hata hivyo, kwamba sarufi haijibu swali. Msemaji wa Kiswahili hakujua kwamba maji yana molekyuli kwa sababu tu neno *maji* liko katika ngeli fulani. Sarufi huweka mlango. Kuuvuka ni kazi nyingine.

3.0 Falsafa ya -ntu na Mipaka Yake

Msomi aliyejaribu kwa bidii kubwa kuuvuka mlango huo alitoka nchi jirani na Kagera. Padri Alexis Kagame wa Rwanda, katika tasnifu yake iliyochapishwa mwaka 1956, alichunguza muundo wa Kinyarwanda na kudai kwamba ngeli zake zinafichua mgawanyo wa vyote vilivyopo katika makundi manne: *umuntu*, kilichopo chenye akili, *ikintu*, kilichopo kisicho na akili, *ahantu*, mahali na wakati, na *ukuntu*, namna ya kuwa. Makundi yote manne yanashiriki shina moja, *-ntu*. Mwaka 1958 Mjerumani Janheinz Jahn alilieneza wazo hilo kwa wasomaji wengi wa Ulaya.

Kihaya ni ndugu wa karibu wa Kinyarwanda, na mpangilio huo unaonekana humo waziwazi: *omuntu*, *ekintu*, *ahantu*. Kiswahili kina *mtu* na *kitu*, lakini shina hilo limetoweka katika neno la mahali. Nafasi yake imechukuliwa na *mahali*, neno la Kiarabu, ingawa upatanisho wa kale wa *pa-* umebaki: mahali *pale*, mahali *pazuri*. Neno limeondoka, nyayo zake zimebaki katika sarufi.

Kwa mujibu wa Kagame, basi, maada iko katika kundi la *ikintu*: mawe, maji, miti na wanyama, vyote visivyo na akili. Uzuri wa hoja hii ni kwamba inaichukua lugha ya Kiafrika kwa uzito ambao Aristotle aliupa Kigiriki. Udhaifu wake ni mkubwa pia. Mwanafalsafa wa Benin, Paulin Hountondji, katika kitabu chake cha mwaka 1976, alipinga vikali desturi ya kuichukua imani au sarufi ya jamii nzima na kuiita falsafa, bila kuonyesha mtu aliyefikiri, aliyehoji na aliyebishiwa. Mwanaisimu ana sababu zake za kuongeza shaka hiyo. Katika Kiswahili, *kiongozi*, *kipofu* na *kijana* wana kiambishi kilekile cha *kitu*, na hakuna anayedhani kwamba kiongozi hana akili. *Moto*, *mto*, *mkono* na *mwezi* vimo katika ngeli moja na *mti*. Kuvijengea nadharia moja ya kuwapo kungekuwa kujidanganya.

Hata hivyo, kosa la kudai makubwa mno halipaswi kuzaa kosa la kudai kwamba hakuna kitu. Jambo linalohitajika ni ushahidi wa watu waliofikiri juu ya maada kwa kuishughulikia, wakakosea, wakajirekebisha. Ushahidi huo haumo katika ngeli. Umo katika udongo wa Kagera.

4.0 Tanuri la Wahaya

Mwaka 1978 jarida la Science la Marekani lilichapisha makala ya wasomi wawili wa Chuo Kikuu cha Brown, mwanaakiolojia Peter Schmidt na mtaalamu wa metali Donald Avery, kuhusu uyeyushaji wa chuma magharibi mwa Ziwa Viktoria. Schmidt alikuwa amefika Buhaya kufuatilia mapokeo ya simulizi. Huko Katuruka, karibu na Maruku, palikuwa na mti mkubwa uliojulikana kwa jina la Kaiija, yaani mahali pa kiwanda cha mhunzi. Mapokeo yalisimulia kwamba Omukama Rugomora Mahe aliwaagiza wahunzi wajenge mnara wa chuma wa kufika mbinguni, na kwamba mnara huo ulianguka. Uchimbaji ulifanyika hapo, na masalio ya kazi ya chuma ya kale sana yakapatikana. Simulizi ambayo mtu mwenye haraka angeiita ngano ilikuwa imehifadhi kumbukumbu ya mahali.

Uchimbaji mwingine, hasa Kemondo kusini mwa Bukoba, ulifichua mabaki ya matanuri yenye umri wa kati ya miaka 1,500 na 2,000. Ili kuyaelewa mabaki hayo, wazee wa Kihaya waliombwa kujenga tanuri upya. Wakati huo, katika miaka ya 1970, kazi hiyo ilikuwa imekwisha kuachwa kwa miongo mingi, kwa kuwa vyuma vya bei nafuu kutoka nje vilikuwa vimeiua. Waliojua walikuwa wazee sana, nao walilazimika kuikumbuka kazi kwa kuifanya, wakirudia na kusahihishana.

Walichimba shimo, wakalisiliba kwa udongo wa kichuguu, ambao hustahimili moto mkali. Walilijaza shimo matete ya bwawani yaliyounguzwa. Juu yake walijenga tanuri lenye umbo la pia kwa udongo na mavi ya chuma ya kazi za zamani. Mabomba ya udongo yaliingizwa mpaka ndani ya tanuri, na mivukuto iliyofunikwa ngozi za mbuzi ikapuliza hewa. Kisha wakaweka makaa na mbale, yaani mawe yenye chuma, na kuvukuta kwa saa nyingi. Matokeo yalikuwa bonge la chuma lenye kaboni ndani yake, ambalo sehemu yake ilikuwa chuma cha pua.

Schmidt na Avery walidai kwamba, kwa kuwa mabomba yaliingia ndani ya tanuri, hewa ilipata joto kabla ya kukutana na makaa, na hivyo jotoridi likapanda hata kupita sentigredi 1,800. Dai hilo lilipingwa. Mwaka 1986 mhandisi J. E. Rehder alitoa hoja kwamba hewa isingeweza kupata joto la kutosha kwa njia hiyo, na mwaka 1996 David Killick alihoji iwapo teknolojia ya Kiafrika inahitaji kutangazwa kuwa ya kwanza au ya juu kuliko nyingine ili iheshimiwe. Mabishano hayo yanafaa kuelezwa bila kificho kwa wanafunzi wa Kagera. Heshima ya wazee wale haitegemei tarakimu moja ya jotoridi. Inategemea jambo lisilobishiwa: kwamba walijua udongo upi utahimili moto, matete yapi yanafaa, na bonge lipi litafuliwa kuwa jembe.

Tena, kazi hiyo ilikuwa na nadharia yake. Kama Schmidt alivyoeleza katika maandishi yake ya baadaye, tanuri lilifananishwa na tumbo la uzazi, dawa ziliwekwa shimoni kabla ya moto, na wayeyushaji walitakiwa kujitenga na tendo la ndoa. Chuma hakikuwa kinatolewa tu jiweni, kilikuwa kinazaliwa. Leo maelezo hayo si fizikia. Lakini swali lililo nyuma yake ni swali la kweli la falsafa ya maada: inakuwaje kitu kimoja kigeuke kuwa kingine, na ni nini kinachodumu katika mgeuko huo?

Lugha nayo ina ushahidi wake hapa. Neno *chuma* ni *ki-* na shina *-uma*. Katika Kiganda ni *ekyuma*. Lakini katika Kichewa cha Malawi *chuma* ni mali, na katika Kibemba cha Zambia *ifyuma* ni mali pia. Kutokana na ulinganishi wa namna hii, inaelekea kwamba shina hilo lilikuwa na maana pana ya kitu au mali, kisha katika lugha kadhaa likabana na kuwa jina la kitu kilichothaminiwa kuliko vingine. Ikiwa ni hivyo, mwenye kusema *chuma* anasema, kwa asili ya neno, *kitu chenyewe*.

5.0 Fizikia Inavyosema

Fizikia ya sasa inalijibu vipi swali la wayeyushaji? Mbale ni atomi za chuma zilizoshikamana na atomi za oksijeni. Makaa yakiungua kwa hewa kidogo hutoa gesi ya kaboni monoksaidi, na gesi hiyo huinyang'anya mbale oksijeni yake. Chuma hakikuumbwa tanurini, kilikuwamo, kikafunguliwa. Baadhi ya kaboni huingia kati ya atomi za chuma. Chuma kikipita sentigredi 912, atomi zake hujipanga upya, na katika mpango huo mpya hupokea kaboni nyingi zaidi kuliko hapo awali. Atomi ni zilezile. Mpangilio ndio uliobadilika, na pamoja nao ugumu wa panga. Hapa Demokrito na Aristotle wanakutana: vipande vinadumu, umbo linageuka.

Lakini atomi yenyewe si kipande kisichokatika. Mwaka 1897 J. J. Thomson aligundua elektroni, na mwaka 1911 Ernest Rutherford alionyesha kwamba karibu tungamo lote la atomi limo katika kiini kidogo mno katikati yake. Kiini cha chuma kina protoni 26, na kwa kawaida nyutroni 30. Protoni na nyutroni nazo zimeundwa kwa chembe ziitwazo kwaki, zilizobashiriwa mwaka 1964. Mwaka 2012 maabara ya CERN, mpakani mwa Uswisi na Ufaransa, ilitangaza kuonekana kwa chembe ya Higgs, inayohusika na tungamo la chembe za msingi. Ajabu ni kwamba tungamo la kwaki zenyewe ni kama sehemu moja tu katika mia ya tungamo la protoni. Zilizobaki ni nishati ya mwendo na mshikamano wa vilivyomo ndani yake, kulingana na kanuni aliyoitoa Albert Einstein mwaka 1905. Kwa hiyo uzito wa jembe, ukifuatiliwa hadi mwisho, kwa sehemu kubwa ni uzito wa nishati.

Fasili ya darasani inahitaji basi kutazamwa upya. Uzito hubadilika kulingana na mahali. Jembe la Kitendaguro likipelekwa mwezini litakuwa na uzito wa sehemu moja kwa sita, ingawa maada yake haikupungua. Kisichobadilika ni *tungamo*. Kuhusu kuchukua nafasi, elektroni haijaonekana kuwa na ukubwa wowote unaopimika. Maada huchukua nafasi kwa sababu elektroni hazikubali kukaa pamoja katika hali moja, kanuni iliyotolewa na Wolfgang Pauli mwaka 1925. Nafasi inayochukuliwa na jiwe, kwa maneno mengine, ni matokeo ya kanuni ya kutokaliana.

Na chuma chenyewe kimetoka wapi? Kiliundwa ndani ya nyota na katika milipuko yake, kabla dunia haijakuwapo. Mwili wa mtu mzima una gramu 3 hadi 4 za chuma, nyingi zikiwa katika damu. Atomi hizo hazitofautiani kwa lolote na zile za jembe. Mpaka kati ya *omuntu* na *ekintu*, ambao Kagame aliuona katika sarufi, haupo katika maada. Upo katika mpangilio na uhai. Isitoshe, vipimo vya wanaastronomia vinaonyesha kwamba maada ya aina inayojulikana, yaani nyota, udongo, miti na watu, ni kama asilimia 5 tu ya vyote vilivyomo ulimwenguni.

6.0 Lugha ya Kufundishia Maada

Maelezo yote hayo yametolewa kwa Kiswahili. Istilahi kama *tungamo*, *nishati*, *kani*, *kiini* na *jotoridi* zimekuwapo kwa muda mrefu. Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia ya TUKI ilitoka mwaka 1990. Upungufu haumo katika msamiati. Umo katika matumizi. Istilahi ambayo haifundishiwi, haiulizwi katika mtihani na haibishaniwi hubaki kama mbegu ghalani: nzima, lakini haioti.

Hasara inayotokana na hali hiyo haiwahusu wanaisimu peke yao. Mwanafunzi anayepewa fasili ya maada katika lugha asiyoimudu huikariri. Hawezi kuuliza, kama ilivyoulizwa hapa, kama uzito na tungamo ni kitu kimoja. Ujuzi nao hufa kwa kukosa wa kuupokea. Wazee waliojenga tanuri katika miaka ya 1970 wangeweza kufariki bila kuulizwa. Mkoa wa Kagera, ambako wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania waligunduliwa mwaka 1983, unajua kuliko mikoa mingi nini hutokea kizazi cha kati kinapokatika na wajukuu wakabaki na mabibi na mababu. Kinachokatika si ukoo tu, bali pia uzi wa maelezo.

7.0 Hitimisho

Mhadhara huu umejaribu kuonyesha kwamba sarufi ya Kiswahili na Kihaya haina fizikia iliyofichwa ndani yake, wala haiizuii. Wagiriki walifika kwenye maada kwa neno la kuni. Wayeyushaji wa Buhaya waliifikia kwa matete, udongo wa kichuguu na mbale. Wote walisukumwa na swali moja, na swali hilo halina kabila.

Lililobaki ni kazi ya walimu. Mwalimu wa Bukoba anaweza kumpeleka mwanafunzi wake Katuruka, akamwonyesha kipande cha mavi ya chuma, na kumwuliza kwa Kiswahili ni nini kilichotoka humo, ni nini kilichobaki, na nani alijua. Mwanafunzi akirudi Kitendaguro jioni hiyo, anaweza kumwuliza bibi yake maswali hayohayo kwa Kihaya. Majibu yakikutana, maada itakuwa imefundishwa.